Kishi ya Wageni wa Kasomeno

Mama alijifunza kupika kishi kwa masista, katika ile nyumba ya kambini ambako wake za wafanyakazi walifundishwa kushona, kufuma na kupika. Wanawake wengi walikwenda kwa ajili ya cherehani. Mama alikwenda kwa ajili ya jiko. Alikuwa ameolewa na fundi umeme wa kampuni ya shaba, Mkatoliki wa kaskazini aliyezaliwa katika nyumba za reli, na alikuwa na hakika kwamba siku moja mumewe angepandishwa cheo na sisi tungehamia nyumba yenye jiko la umeme. Alitaka siku hiyo imkute tayari.

Ilifika kweli. Wabelgiji walikuwa wanaondoka mmoja mmoja, nyumba zao zinagawiwa, na baba akapewa moja ya matofali mekundu, si mbali na reli. Jiko lilikuwamo, ila mlango wa tanuri haukufunga vizuri. Baba aliukaza kwa waya. Mimi nilikuwa bado shule ya msingi. Yaya, dada yangu mkubwa, alikuwa anamalizia masomo ya ualimu.

Kwa asiyeijua, kishi ni kama sahani ya unga wa ngano yenye ukingo, inayojazwa mboga na mayai yaliyopigwa pamoja na maziwa, halafu inaokwa mpaka mayai yashikane na juu pawe na rangi ya dhahabu. Masista walikuwa wamemwambia mama kwamba mikono ya moto inaharibu unga, na mikono yake ilikuwa ya moto siku zote. Basi kabla ya kuanza aliizamisha katika beseni ya maji baridi na kukaa hivyo, macho yamefumbwa, kama mtu anayesali. Kisha alisugua siagi na unga kwa ncha za vidole, akamwagia maji kidogo, akasukuma kwa chupa tupu ya bia. Akishatandaza unga kwenye chombo aliuchomachoma kwa uma, akaujaza maharage makavu usivimbe, akauoka kwanza peke yake.

Vitabu vya masista vilitaka nyama ya nguruwe na jibini. Mama aliweka lengalenga, mchicha wetu. Aliichemsha, akaikamua mpaka maji ya kijani yakaisha, akaikaanga na vitunguu na nyanya zilizotolewa mbegu. Jibini aliipata mjini, kwenye duka lililokuwa bado na friji inayofanya kazi, na ilipokosekana aliongeza yai. Nyumba nzima ilinukia, na majirani walikuwa wanatuma watoto waje kuomba chumvi ambayo hawakuihitaji.

Kijana wa Kasapa alianza kuja kwetu baada ya misa za Jumapili. Alikuwa mwanafunzi wa kemia kule kampasi ya chuo kikuu, mrefu, mwembamba, miwani imefungwa uzi upande mmoja. Yeye na yaya waliimba kwaya moja. Alikuja kwa baiskeli, suruali ameibana kwa vibanio vya nguo ili isiingie mnyororo, na kila mara alivisahau vile vibanio mpaka yaya acheke. Kwao ni Kasomeno, kwenye barabara ya Kasenga, ambako baba yake alilima mahindi na kuuza samaki waliokuja kutoka mtoni. Mama yake alikuwa amefariki yeye akiwa mdogo. Aliyemlea ni shangazi yake.

Kule kampasi walikula maharage. Mara ya kwanza mama alipomwekea kipande cha kishi, alikimaliza bila kuongea, halafu akauliza:

"Mama, hii kintu iko na jina?"

"Inaitwa kishi."

"Basi uniongeze kishi."

Tulicheka wote, hata baba, ambaye hakuwa mtu wa kucheka mezani. Tangu siku ile kila Jumapili mama alizamisha mikono kwenye beseni. Kwa nje alisema anapikia nyumba. Lakini kipande kikubwa kilijulikana ni cha nani.

Miaka miwili hivi ikapita, yaya akaanza kufundisha, na kijana akasema watu wake wanataka kuja kujijulisha. Kwetu hiyo ni hatua ya kwanza. Hakuna mahari siku hiyo, ni kuonana tu, kula pamoja, na kila upande kujua unaingia nyumba gani. Wangekuja baba yake na yule shangazi.

Mama alitangaza kwamba atapika kuku, bukari, ule ugali wetu, samaki, sombe ya majani ya muhogo, na kishi.

"Mama, bale ni bazee ba kijiji," yaya alimwambia. "Tuache kishi. Kuku inatosha."

"Kuku kila muntu anapika. Mutoto wabo anapenda kishi. Kitu mutoto anapenda, bazazi batakataa?"

Yaya hakusema neno "mayai," wala mama. Wote wawili walilijua. Bibi yangu, mzaa mama, alikufa bila kuwahi kumpa binti yake yai hata moja; yai lilikuwa la wanaume na wageni wa kiume. Walisema mwanamke akila mayai kabla ya kuzaa, mtoto atazaliwa bila nywele, au hatazaliwa. Masista ndio waliomtoa mama katika mwiko huo, naye alitoka kwa furaha, kama mtu anayevua kiatu kinachobana. Baada ya hapo hakupenda kukumbushwa.

Jumapili iliyofuata mama alimuuliza kijana mwenyewe, mbele yetu, kama watu wake wangeona vibaya.

"Hakuna shida, mama," alijibu, mdomo umejaa. "Pika tu."

Siku yenyewe ilikuwa ya kiangazi, baridi asubuhi na vumbi baadaye. Wageni walikuja na lori la samaki, na waliposhuka nyusi zao zilikuwa nyekundu kwa udongo. Baba yake kijana alikuwa mzee mpole, amevaa abakosti, lile koti la siku zile lisilo na tai, iliyompwaya mabegani. Shangazi alikuwa mwanamke mdogo wa umbo, kitambaa cha kichwa kimefungwa barabara, macho yanaona kila kitu bila haraka. Tuliwapa maji ya kunawa uso, kisha ya kunywa. Baba alimwita mzee "citoyen," yaani raia, kama serikali ilivyotaka, mzee akamjibu "ndugu yangu," na hapo baba akalegea.

Chakula kilikwenda vizuri. Wageni walisifu samaki, wakasifu sombe. Halafu yaya akaingia na kishi kwenye sahani nyeupe, imepanda vizuri, haikupasuka hata kidogo. Mama alikuwa amesimama mlangoni mwa jikoni. Sijamwona tena na uso ule.

"Mutoto," shangazi akauliza, "hii ni mukate ya nini?"

"Ni kishi, mama. Iko na lengalenga, na vitunguu, na mayai."

"Mayai."

"Ndiyo, mama."

Kwetu anayeandaa chakula huonja kwanza, ili mgeni ajue ni salama. Yaya akakata kipande chembamba, akakitia mdomoni, akatabasamu. Shangazi alimtazama mdomo ule ukitafuna. Hakuonyesha hasira. Aliuliza taratibu, kama mtu anayeuliza njia:

"Banamuke ba mu hii nyumba banakulaka mayai?"

Baba akakohoa. Mama akajibu kutoka mlangoni:

"Tunakulaka, mama. Miye nilikula mayai wakati nilikuwa na mimba ya huyu mudogo," akaninyooshea kidole, "na munamuona: iko na nywele yake, iko na meno yake."

Baba alicheka peke yake. Mimi niligusa nywele zangu bila kutaka. Shangazi aliniangalia, akatikisa kichwa polepole, kisha akamgeukia kijana wake aliyekaa kati ya wazee wawili.

"Na wewe? Unakulaka hii kintu hapa?"

Kijana aliangalia sahani yake. Bado naona mkono wake ukisogeza mfupa wa kuku kutoka upande mmoja kwenda mwingine.

"Apana, tante," akasema. "Minaionaka tu."

Yaya alikuwa hajameza. Alisimama na kisu mkononi, kipande bado shavuni, akameza, akaweka kisu mezani kwa utaratibu sana, akaenda kuleta maji ya kunawa. Wazee waliendelea kuongea juu ya barabara na mvua ya mwaka uliopita. Mzee wa Kasomeno alimwuliza baba kuhusu bei ya betri za redio. Kishi ilibaki pale katikati ya meza, imepungua ule ukanda mmoja mwembamba, na hakuna aliyeigusa.

Waliondoka jua likiwa bado juu ili wawahi lori. Shangazi alimshika mama mikono yote miwili, akamshukuru kwa chakula, akasema watatuma neno. Kijana aliwasindikiza akisukuma baiskeli. Vibanio vilikuwa bado kwenye suruali yake, na safari hii hakuna aliyecheka.

Jikoni, baba alikata kipande akala kwa kusimama.

"Iko muzuri," akasema.

"Nyamaza," mama akamwambia. Kisha akakaa kwenye kigoda. "Ni miye. Ni miye nimeharibu ndoa ya mutoto."

Yaya alikuwa anaosha vyombo, mgongo umetugeukia.

"Apana, mama. Haiko kishi."

"Ni nini basi?"

"Alisema anaionaka tu."

Neno lilikuja baada ya wiki chache, kupitia jamaa yao mmoja aliyeleta samaki sokoni. Halikuwa neno baya. Familia imeridhika, alisema. Ila kabla ya hatua ya pili shangazi anaomba binti aende Kasomeno akae naye siku chache, waongee mambo ya wanawake. Mama alishukuru Mungu kwa sauti. Alianza hapo hapo kufikiria kitenge gani yaya avae. Yaya alimwacha aongee mpaka akamaliza, halafu akasema hatakwenda.

Kijana akaja, na haikuwa Jumapili. Yaya alikuwa anafua kwenye bomba nyuma ya nyumba, mimi ninaanika. Hakuna aliyenifukuza, kwa hiyo nilisikia yote.

"Ungetaka niseme nini?" alimwuliza. "Yeye njo alinilea."

"Ungesema ndiyo."

"Ingemuumiza."

"Na miye?"

"Wewe uko na nguvu."

Yaya alikamua shati la baba mpaka nikafikiri litapasuka.

"Enda umwambie," akasema. "Neno moja tu: nilikula. Ukisha kumwambia, mi nitaenda Kasomeno hata kwa miguu."

"Nitamwambia siku moja."

"Basi siku ile utakuya kunioa."

Alichuchumaa akatengeneza mnyororo wa baiskeli, ambao haukuwa umetoka. Aliutengeneza muda mrefu. Nafikiri alikuwa anangoja yaya aseme kitu kingine, na nafikiri yaya alikuwa anangoja hivyo hivyo. Mwishowe akanawa mikono kwenye bomba letu, akaniaga mimi, akaenda. Alipomaliza masomo alipelekwa kazini Kolwezi, na baadaye tukasikia ameoa huko.

Mama hakupika tena kishi. Kwa majirani alisema ni kwa sababu ya jibini, na ni kweli maduka ya mjini yalikuwa yamebadilisha wamiliki na rafu zilikuwa zinabaki wazi. Lakini lengalenga ilikuwapo, mayai yalikuwapo. Nilimwomba siku ya komunyo yangu ya kwanza. Akanipikia maandazi mengi mno, kama anayelipa faini. Kila akiona maarusi wanatoka kanisani alikuwa anapunguza mwendo, na nikiwa naye nilijua atasema nini. Alisema angepika sombe tu. Alisema alijua, alijua vizuri, ila alitaka waone kwamba mkwe wao anatoka nyumba ya watu walioendelea. "Nilipika juu ya kiburi," alisema. Baba alimjibu kwamba alipika kwa upendo, na kwamba kiburi na upendo vikiwa chungu kimoja hakuna anayeweza kuvitenganisha. Hakumfariji.

Yaya alifundisha. Alikataa watu wawili wazuri, kisha akiwa mtu mzima akaolewa na mwalimu mjane wa Likasi, mwanamume mtulivu mwenye ndevu za kijivu, wakapata mabinti wawili. Tuliona kwamba mambo yametulia.

Halafu, nikiwa mwenyewe nimeshaanza kazi mjini, kulikuwa na msiba katika parokia yetu. Mama alikwenda na wenzake kukaa matangani. Kwenye mkeka, kati ya wanawake waliotoka upande wa Kasenga, alikuwapo bibi mmoja mdogo wa umbo, sasa ameinama, anatembelea fimbo. Yeye ndiye aliyemtambua mama.

"Wewe njo mama ya ile binti."

"Ni miye, mama."

"Juu ya nini hakukuya? Nilimungojea. Nilimutayarishia na kitanda."

Mama alinieleza kwamba alitamani mkeka ummeze.

"Juu ya mayai, mama," akajibu.

"Mayai!" Yule bibi alishangaa mpaka watu wakageuka. "Mayai ni desturi yetu, nilitaka kumueleza tu, apana kumufukuza. Aliniletea chakula kwa mikono miwili, akaonja mbele yangu. Nilirudi nikimusifu njia yote."

Mama alimsogelea kwenye mkeka. Kisha akasema kile alichokuwa amekibeba miaka yote: kwamba binti aliumia kwa sababu kijana alikana, wakati alikula kishi ile kila Jumapili.

"Nilijua," shangazi akasema. "Ile mutoto nilimulea kwa mikono yangu. Akidanganya anaangalia chini. Nilijua alikula, na akashiba. Nilifikiri binti atamusamehe, juu alidanganya kwa heshima. Nilinyamaza nisimupatishe haya mbele ya bakwe." Akafikiri kidogo. "Kama ningecheka siku ile. Kama ningecheka tu, yote ingeisha."

Mama alirudi nyumbani kwa miguu, akakaa sebuleni bila kuvua viatu. Aliponisimulia hakulia. Alikuwa na uso wa mtu aliyetafuta kitu nyumba nzima na kukikuta mkononi mwake.

Nilimwambia asimweleze yaya, kwani ingesaidia nini sasa. Alisema si haki kujua jambo la mtu na kumficha. Kwa hiyo yaya alipokuja kutoka Likasi kututembelea, mama alimweleza, uani, yaya akiwa anamsuka binti yake mdogo. Vidole vyake havikusimama. Alifika mwisho wa msuko, akaufunga kwa uzi, akaanza mwingine.

"Basi alijua," akasema.

"Alijua."

Tulisikia kitana kikipita kwenye nywele. Mtoto alilalamika, yaya akampuliza kichwani.

"Nilikuwa mutoto, mama. Nilifikiri mwanaume wa kweli anasemaka ukweli mbele ya kila muntu. Leo bwana yangu anadanganya mama yake kila asubuhi juu ya dawa yake, anamwambia ni chai, na minamupenda vile vile."

"Unajuta?" mama akauliza.

Upepo ulileta moshi mchungu wa bomba la kiwanda cha shaba, wenye ladha ya senti mdomoni, na wote tukafumba midomo mpaka upite.

"Wakati wa mvua," yaya akasema. "Alikuwa anakuya na baiskeli hata mvua ikinyesha. Sikufikiri ile ilikuwa neno. Nilitaka neno la mudomo." Akamgeuza mtoto apate upande wa pili. "Lakini kama ningeolewa naye, ningekuwa sina hawa. Basi ninajuta kidogo kidogo, ninaacha."

Mama ndiye hakuweza kuacha. Mimi pia, ingawa halikuwa jambo langu. Ninawaza wale watu wazima wote kwenye meza moja, kila mmoja anamheshimu mwenzake, kila mmoja anafunga mdomo ili asimwumize mwingine. Hakukuwa na mbaya pale. Ningependa awepo mbaya, ningemlaumu nikapumzika.

Siku yaya aliporudi Likasi tulimsindikiza mpaka mahali pa magari. Mama alimshika mkono kuvuka barabara, mwanamke mwenye mvi zake za kwanza, mwalimu wa watu, naye yaya akauacha mkono wake ushikwe. Watoto waliingia, mizigo ikapandishwa, yaya akasema atarudi Pasaka. Gari likaondoka na vumbi lake. Mama alibaki amesimama pale pale, anatazama upande lilikokwenda, hata mimi niliposema twende.

Mwanamke mmoja aliyekuwa anauza karanga kando ya barabara alimwangalia kwa huruma.

"Mama, gari limekuacha?"

Mama akasema ndiyo, kwa kuwa kueleza kungekuwa kurefu. Yule mwanamke akatusogezea kibao, akapangusa vumbi kwa kitenge chake, tukakaa.